Siku Arobaini za Kanda ya Mzee Bwire

Najua mnachosema. Tangu mniage rasmi, mkanipa saa ya ukutani na kitenge cha heshima, mmekuwa mkinikuta kila asubuhi hapa kwenye benchi la mapokezi, mkoba magotini, kana kwamba sijui njia ya kwenda nyumbani. Mlinzi wetu ni muungwana. Alivumilia wiki mbili ndipo akaniuliza, "Mama Nyangeta, samahani, kwani nyumbani kuna shida?" Nikamwambia hakuna shida yoyote, akaniletea chai. Sasa mmeniomba niwaandikie habari za kazi, nami naona siwezi kueleza benchi bila kueleza kazi, wala kazi bila kumtaja Bi. Zuhura. Vumilieni kidogo.

Vyeo siviandiki. Waliovitaka walivipata, na wengi wao siku hizi wana kisukari. Nitaandika nilivyofundishwa kuhariri, na kosa moja ambalo hadi leo nikilikumbuka masikio yananiwaka moto.

Nilifika hapa kama mpiga chapa. Nilitoka kwetu Majita, kando ya ziwa, baba yangu akiwa mwalimu wa kwaya kanisani, na nilichojua kuhusu televisheni ni kwamba jirani wa shangazi yangu alikuwa nayo. Kituo chetu cha televisheni kilikuwa Nyakato, ghorofa ya pili, juu ya duka la vipuri vya magari. Kazi yangu ilikuwa kuchapa vibandiko vya kanda: tarehe, mahali, jina la mpiga picha. Siku ya tatu nikapeleka vibandiko chumba cha uhariri, nikamkuta mwanamke wa makamo, ushungi ameusukuma nyuma ya masikio, amefumba macho mbele ya skrini inayowaka. Nikadhani amesinzia.

"Shikamoo," nikasema kwa sauti ndogo.

"Marahaba. Kaa hapo. Fumba macho, uniambie hapa ni wapi."

Nikafumba. Nikasikia maji yanapiga mbao, kuku, mwanamke anakohoa, na kisu kinapara samaki. Nikasema, "Ni mwaloni, mitumbwi inapofikia, asubuhi. Na huyo anayepara samaki hana haraka, labda anamsubiri mtu." Bi. Zuhura akafumbua macho, akanitazama toka kichwani hadi viatuni. Wiki iliyofuata nilihamishiwa kwake, na wakatafuta mtu mwingine wa kuchapa vibandiko.

Alikuwa mtoto wa mjini, mzaliwa wa Mwanza hii hii, baba yake fundi saa. Nadhani mikono ile aliirithi kwa baba yake. Enzi zile tulihariri kwa mashine mbili: hii inacheza kanda ya mpiga picha, ile inarekodi kipande unachokitaka. Katikati kuna kigurudumu unachokizungusha kwa kidole, picha inakwenda mbele au kurudi nyuma. Mimi nilikizungusha kama mtu anayetafuta stesheni ya redio. Yeye alikigusa tu, picha ikasimama pale pale alipotaka, jicho la mtu likiwa halijaanza kupepesa. Wiki yote ya kwanza hakuniruhusu nikiguse. Alinipa kitambaa na chupa ya spiriti nisafishe vichwa vya mashine, vile vinavyosoma kanda, maana kanda zilizotoka ufukweni zilikuja na mchanga na magamba ya dagaa, na msimu wa wale wadudu wa ziwani wanaopaa kama moshi, tuliwatoa ndani ya mashine kwa kibano cha nyusi. Kibano kilikuwa changu. Sikurudishiwa.

Ninyi mnaotumia kompyuta hamtanielewa nikisema hivi, lakini kwa mashine zile hakukuwa na kurudi katikati kurekebisha. Ukiwa dakika ya ishirini, ukagundua dakika ya tatu imekosa sekunde mbili, unaanza upya kuanzia hiyo dakika ya tatu. Kwa hiyo tulifikiri kwanza, kisha tukakata. Sisemi zaidi.

Alinifundisha mambo mengi, mengine kwa kunisuta. Mara moja nilifungia kipindi kwa mitumbwi ya dagaa na jua linazama, nikaandika kwenye hati kwamba wavuvi wanarejea nyumbani. Nilikuwa nimekipenda sana kipande kile. Bi. Zuhura akatazama hadi mwisho, akauliza, "Wewe si mtoto wa ziwa? Dagaa wanavuliwa lini?" Usiku, nikasema. "Basi jioni hawa wanatoka. Umewageuza watu mgongo wakawa sura." Nikakihamishia kipande mwanzoni, nikaunga upya kipindi kizima huku feni imekufa na kiwanda cha jirani kinatuletea harufu ya samaki.

Lakini somo lake kubwa lilikuwa la pumzi. Alikuwa akisema mtu hamalizi kusema kwenye neno la mwisho. Anamalizia kwenye ile pumzi inayofuata. Ukikata kwenye neno, umemnyang'anya. "Mwache amalize," aliniambia, labda mara elfu moja. Nami nilidhani ni suala la urembo tu, mkato uwe laini.

Pamoja na hayo, alikuwa na desturi ambayo kituo kizima kiliicheka. Kanda zilikuwa adimu. Kipindi kikisharushwa, kanda ghafi, ile aliyokuja nayo mpiga picha, ilitakiwa irudi stoo ili irekodiwe juu yake kitu kingine. Bi. Zuhura hakurudisha. Alikuwa na kasha la mbao chini ya meza yake, na kila kanda ghafi aliiandikia kwa wino mwekundu tarehe ya kurushwa na tarehe ya siku ya arobaini baada yake. Kabla ya siku hiyo hakuna aliyeruhusiwa kuigusa. Mtunza stoo aliita kasha lile matanga. Siku moja nikamuuliza Bi. Zuhura kwa nini arobaini.

"Wewe ukikosewa kwenye televisheni, uko kisiwani, huna televisheni," akasema, "utajuaje?"

"Nitaambiwa."

"Na nani? Shemeji ya mtu ametazama mjini. Akirudi anasimulia. Maneno yanazunguka wiki mbili ndipo yanakufikia wewe mwenyewe. Hapo huamini. Halafu unaamini. Halafu utafute nauli, utafute wa kukuangalizia nyumba. Kulalamika nako ni safari, mwanangu. Mtu mpe siku arobaini."

Nilimwitikia ndiyo. Moyoni nikasema huyu mama ana mambo yake.

Sasa nifike kwenye kosa. Nilikuwa na miaka minne kazini na nimeshaanza kujiona. Mpiga picha wetu Kulwa, Msukuma mmoja mrefu mwenye utani usiokwisha, alileta kanda kutoka mwalo mmoja wa ng'ambo. Jina la mwalo naliacha. Kipindi kilihusu makokoro, zile nyavu za kukokota zilizopigwa marufuku kwa sababu zinazoa hadi vifaranga vya samaki. Kulwa alikuwa amezungumza na mwenyekiti wa kamati ya mwalo, Mzee Bwire, mtu wa miaka sabini hivi, sauti ya taratibu, koti la suti juu ya kaptula. Bi. Zuhura alikuwa Tabora kwenye msiba wa dada yake. Kwa mara ya kwanza chumba kilikuwa changu peke yangu.

Nilipofika dakika ya ishirini na mbili nikaona kipindi kitazidi muda. Lazima nifupishe. Swali la Kulwa lilikuwa, "Mzee, nani anavua kwa kokoro hapa?" Na Mzee Bwire alijibu hivi, ninayakumbuka maneno yake neno kwa neno: "Enzi za baba yangu kokoro lilikuwa kila nyumba hapa. Kila nyumba. Harafu tukaona samaki wanaisha. Tukakaa, tukakubaliana, tukazichoma wenyewe, pale mchangani unapopaona." Nikakata mwanzo, nikakata mwisho. Ikabaki swali la nani anavua kwa kokoro, na mzee akijibu, "Kila nyumba hapa. Kila nyumba." Sekunde nne. Mkato ulikuwa safi sana. Mkuu wa vipindi aliusifu, akasema una nguvu.

Bi. Zuhura aliporudi alikitazama kipindi kilichokwisha kurushwa. Pale kwa Mzee Bwire akasimamisha picha. "Huyu mzee alimaliza?"

"Alimaliza," nikasema.

Akaniamini. Akaandika kanda kwa wino mwekundu, akaiweka kwenye kasha.

Siku ya thelathini na tatu Kulwa alikuwa anakwenda Misungwi kwenye uzinduzi wa msimu wa pamba. Stoo hakukuwa na kanda hata moja, Bi. Zuhura yuko kwenye kikao, gari linanguruma chini. "Dada Nyangeta, nisaidie, nitarekodi kwenye kiganja?" Nikafungua kasha. Niliona kabisa ule wino mwekundu. Nikasema wiki moja iliyobaki haina neno, nikampa ya juu, bila hata kusoma ni ya nani.

Nusu saa haikupita, mlinzi akapiga simu kuwa kuna mgeni wa wahariri.

Alikuwa amekaa kwenye benchi hili hili; lilihama na sisi kutoka Nyakato, msilidharau. Koti lile lile, safari hii na suruali, kofia magotini. Bi. Zuhura alikuwa ametoka kikaoni, tukashuka pamoja. Akamwamkia, mzee akaitikia, wakaulizana hali kwa utaratibu wote, nami nimesimama nyuma kama mshumaa, maana nilishamtambua.

"Mimi ni Bwire," akasema. "Mlikuja kwangu, nikawapa maneno. Mlichukua yote, mkaonyesha nusu. Nimefuata yaliyobaki."

Kisha akaeleza, bila kupandisha sauti. Baada ya kipindi, doria ilifika mwaloni ikapekua nyumba hadi nyumba. Haikukuta kokoro hata moja, kwa sababu hayakuwapo, lakini vichanja vya kuanikia dagaa vilikanyagwa na watu walishinda juani wakihojiwa. Habari ikaenea kwamba Bwire amewauza wenzake kwenye televisheni. Uenyekiti wakamvua. Hilo alisema si kitu, umri umekwenda.

"Kitu ni kwamba hawaniamkii," akasema. "Napita, wananitazama mpaka nimepita. Masatu, mtoto wa dada yangu, nimemlea mimi mwenyewe nyumbani kwangu. Huu mwezi sasa sijasikia shikamoo yake. Mama, mimi sitaki mniombe radhi. Nipeni maneno yangu niende nayo."

"Yapo, mzee wangu," Bi. Zuhura akasema, na akapanda ngazi mbili mbili, yeye ambaye magoti yalishaanza kumsumbua. Nilimfuata. Alipopiga magoti mbele ya kasha, akapekua na kanda ya mzee haimo, ndipo nikasema. Nilisema yote kwa pumzi moja: nimeitoa, iko kwa Kulwa, na mzee hakumaliza, nilikudanganya.

Angenipiga kofi ningefurahi. Akainuka, akavuta ushungi wake mbele, akasema, "Kachukue funguo za gari dogo."

Mzee Bwire alikataa kubaki. "Ni maneno yangu, nayafuata." Tukaondoka watatu na dereva. Simu za mkononi zilikuwepo mjini lakini Kulwa hakuwa nayo, kwa hiyo hakukuwa na la kufanya ila kwenda. Kuanzia Buhongwa barabara ilikuwa inakarabatiwa, tunasimamishwa na kibendera kila hatua chache, na mimi nahesabu dakika, kwa sababu kila dakika Kulwa anayorekodi inakula dakika ya mzee. Sikujua kama amefika. Sikujua ameanza. Bi. Zuhura alimuuliza Mzee Bwire mambo ya mbao za mitumbwi, ipi inavumilia maji, ipi inaoza upesi, na mzee akajibu kwa kirefu.

Tulimkuta Kulwa kiwanjani, kamera begani, ngoma imekwisha na mgeni rasmi ndiyo kwanza anasogelea kipaza sauti. Bi. Zuhura akavuka kiwanja chote mbele ya wageni, kanga inapepea, akamgusa Kulwa bega.

"Zima. Toa kanda."

"Shikamoo, Bi. Zuhura. Mgeni rasmi huyo anaanza."

"Mwache aanze. Toa kanda."

Kulwa alimtazama usoni, utani wote ukamtoka. Akatoa. Mgeni rasmi akahutubia kamera tupu kwa dakika arobaini, na kwa haki niseme wananchi walimpigia makofi.

Alikuwa amerekodi dakika kumi na moja. Tulirudi Nyakato, mzee tukampa kiti changu, Bi. Zuhura akaweka kanda kwenye mashine. Magunia ya pamba. Wacheza ngoma na nyoka wao. Tena magunia. Kisha skrini ikachafuka, mistari ikapita, na Mzee Bwire akatokea katikati ya sentensi, amekaa kwenye kipande cha mtumbwi mkuukuu. Dakika ya kumi na nne Kulwa kwenye kanda akauliza, "Mzee, nani anavua kwa kokoro hapa?" Na mzee akajibu, mwanzo hadi mwisho, hadi mchangani, hadi pumzi.

Tatu. Dakika tatu zaidi na ningekuwa nimemfuta mtu.

Mzee Bwire mwenyewe alikuwa mtulivu kuliko sisi. "Pale mwanzo nilikuwa nimetaja baba zangu," akasema. "Ukoo wote. Basi, hao watu wanawajua." Nililia pale pale. Bi. Zuhura akanipa kile kitambaa cha spiriti nijifute, jambo ambalo siwashauri.

Mkuu wa vipindi alituita. Hotuba ya mgeni rasmi haikurekodiwa, na kuna simu zimepigwa. Nikafungua mdomo niseme ni mimi, Bi. Zuhura akanikanyaga mguu chini ya meza. "Chumba cha uhariri ni changu," akasema. "Kosa la chumba ni langu." Barua ya onyo ikaandikwa kwa jina lake, akaisaini akaikunja vizuri. Kisha, bila aibu hata kidogo, akaomba marekebisho yarushwe. Akapewa sekunde thelathini kabla ya taarifa ya hali ya hewa. Tulipomweleza Mzee Bwire, akashukuru, halafu akasema, "Kule hakuna aliyetazama kipindi. Walisimuliwa. Na haya, nani atawasimulia?"

Ndiyo maana Jumamosi tulivuka kwa kivuko, Bi. Zuhura, mimi na Kulwa. Mashine ya kuchezea kanda ilikuwa ya ofisi. Televisheni ilikuwa ya Bi. Zuhura, ameitoa sebuleni kwake, ameifunga kwa kanga mbili kama mtoto. Mwaloni watu walitutazama tukipita na hakuna aliyetusaidia mzigo. Tukaweka televisheni kwenye banda la kupimia samaki, Kulwa akaziba madirisha kwa matanga ya mitumbwi ili kuwe na kiza, akawasha jenereta ya kuazima. Watu waliingia wachache, kisha wengi, kwa sababu televisheni ni televisheni hata ukiwa na hasira. Kijana mmoja wa miaka thelathini hivi, kifua kipana, alibaki mlangoni, bega kwenye mwimo. Mzee Bwire hakumtazama, na kwa hilo nikajua ndiye Masatu.

Nilingoja Bi. Zuhura aseme. Ofisini alisema yeye, nikadhani na hapa itakuwa hivyo. Akaniinamia sikioni.

"Ofisini kosa lilikuwa la chumba. Hapa ni la mkono wako. Simama."

Nikasimama. Nikasema jina langu na kwetu. Nikasema kipindi nilikikata mimi, si huyu mpiga picha, wala si mzee wenu. Nikasema alisema maneno mengi nami nikachagua matano, ili niokoe sekunde. Mama mmoja nyuma akauliza, "Sekunde ngapi?" Nikasema ishirini. "Ishirini!" akarudia, na banda zima likanung'unika. Naomba mnielewe: hakuna shule ya uhariri duniani itakayokufundisha uzito wa sekunde ishirini kama yule mama.

Bi. Zuhura akabonyeza. Hakuruka kitu. Magunia ya pamba yakatokea, na mtu akauliza kwa sauti, "Hii pamba imetoka wapi?" Kulwa akajibu kwamba ni habari ndefu. Nyoka wa wacheza ngoma akawachekesha wanawake. Halafu Mzee Bwire akatokea. Wakamsikia akitaja enzi za baba yake. Wakamsikia akisema samaki walikuwa wanaisha. Alipofika kwenye tukazichoma wenyewe, kamera ya Kulwa ikageuka kuonyesha mchanga, na pale kwenye mchanga, sikuwahi hata kugundua, kulikuwa bado na vyuma vyeusi vya nyavu zilizoungua. Watu waliokuwa bandani ndio waliozichoma. Walikuwa wanavijua vile vyuma.

"Rudisha," Masatu akasema mlangoni.

Bi. Zuhura akarudisha. Akacheza tena. "Rudisha." Mara ya tatu Masatu alikuwa ameacha mlango, amesogea mpaka mbele, amesimama kati ya televisheni na mjomba wake. Jenereta ikawa inakoroma peke yake.

"Shikamoo, mjomba."

Mzee Bwire hakujibu. Alimtazama Masatu, akaendelea kumtazama, nami nikawa naomba kimoyomoyo, mzee jibu, tafadhali jibu, huyu kijana ataondoka. Masatu hakuondoka. Aliinama zaidi, mikono nyuma, akangoja.

"Marahaba, baba," mzee akasema mwishoni. "Marahaba."

Kisha wote wakawa wanataka kumwamkia kwa pamoja, ikawa vurugu, benchi likaanguka. Bi. Zuhura alikuwa anakunja waya. Alikuwa haoni waya wala nini, ushungi wote umelowa. Wakati tunaondoka Mzee Bwire alinishika mkono, akaniambia, "Umekuja mwenyewe, binti," na hapo ndipo nilipojua kwamba Bi. Zuhura, kwa kunisimamisha, alinipa kitu kikubwa kuliko alichonipa aliposaini ile barua.

Miaka iliyobaki ninyi mmeiona. Kanda zikaisha, zikaja diski, zikaja kompyuta ambazo zinakusamehe kila kosa. Nilizipenda, sitasema uongo. Niliona vijana wakifanya kwa dakika tano kilichotuchukua siku mbili, na wengine mna masikio ambayo yangemfanya Bi. Zuhura awahamishie chumbani kwake palepale. Lakini mnafuta upesi. Lile jalada kwenye kompyuta kuu linaloitwa Arobaini, ambalo mafundi wameniomba mara nyingi nilifute kwa sababu linajaza nafasi, ndilo kasha la mbao. Nawaomba mlilinde.

Bi. Zuhura alipostaafu, kesho yake asubuhi nilimkuta hapa, kwenye benchi. Nikamuuliza amesahau nini. Akasema, "Nimekata watu miaka mingi. Kama kuna aliyebaki na neno, asije akaambiwa mhariri ameondoka." Akakaa siku arobaini. Alikuja mtu mmoja tu, mfugaji, kulalamika kwamba kwenye kipindi cha mifugo tulionyesha ng'ombe wake pamoja na sura ya jirani yake. Bi. Zuhura akaandika yote, akaomba radhi, na ng'ombe akarudishiwa mwenyewe kwenye marudio ya kipindi.

Kwangu pia amekuja mmoja, siku ya kumi na tisa, mama lishe aliyetaka kujua kwa nini tulimwonyesha mgongo tu ilhali alikuwa amesuka nywele kwa ajili yetu. Alikuwa na haki. Nilimtafutia sura yake kwenye jalada la Arobaini, mmoja wenu akamwekea kwenye simu, akaondoka anajitazama.

Bi. Zuhura yuko kwa mwanawe, Buhongwa, macho yamefifia lakini masikio ni yale yale. Jana mchana nilimpigia. "Ya ngapi?" akauliza. Nikasema ya thelathini na tisa. "Kaa mpaka wafunge mlango," akasema, na akakata simu bila kuaga, yeye wa kunifundisha mimi kumwacha mtu amalize.

Kwa hiyo leo ndiyo ya arobaini, na haya nayaandika hapa hapa mbele yenu. Asubuhi mmepita mmoja mmoja. Kila mmoja amesimama akaniamkia. Hata yule anayechelewa kila siku, alikuwa ameshanipita mbio, akarudi hatua mbili. Mmeniamkia hivi miaka yote na nilikuwa naitikia huku natazama skrini. Leo nimezisikia shikamoo zenu, moja baada ya nyingine. Yule binti fundi wa sauti ndiye aliyeniuliza, "Mama, mbona leo unachelewa kuitikia?"

Sikuchelewa, mwanangu. Nilikuwa nakuacha umalize.